Chumvi ya Jelado

Sasa tuko Mtwara, ng'ambo ya Ruvuma, na ninaweza kuandika neno chumvi bila kutazama mlangoni. Kwetu Mocímboa neno hilo lilikuwa na masikio. Waliokuwa porini wakipigana na Mreno walikuwa na mihogo, na nyama ya kuwinda walipata, lakini chumvi hawakuwa nayo, na serikali ilijua hivyo. Kwa hiyo kwenye duka la kantina ulipimiwa gilasi moja tu. Ukitaka ya pili, sipai, askari wa serikali aliyeketi pale nje, alikuuliza nyumbani kwenu mko wangapi. Kuchemsha maji ya bahari ufukweni kulikatazwa. Sisi watu wa pwani, bahari iko mlangoni, tukawa tunakula mchuzi kama wagonjwa.

Mume wangu alikuwa "shamba". Ndivyo tulivyosema. Hatukuwa na shamba. Aliondoka alfajiri moja bila kuniaga, akaniachia binti yetu aliyekuwa ameanza tu kutamka maneno kamili, akaniachia na mama yake. Nilimkasirikia wakati ule na ninamkasirikia leo, na asije mtu akanieleza habari za uhuru. Uhuru naujua, na ninautaka kuliko wengi wanaoupigia kelele. Nilitaka kuagwa tu.

Mama mkwe wangu hakumkasirikia hata kidogo. Yeye alimwekea chumvi. Kila gilasi tuliyoipata kwenye kantina aliigawa katikati, nusu ikaenda kwenye mtungi uliokaa uvunguni mwa kitanda chake, na mtungi ukijaa, alikuja mwanamke mmoja na kikapu cha mihogo mikavu, akaondoka na kikapu kizito zaidi. Sikuuliza. Mimi nilikula mchuzi wa maji na kunyamaza, na kwa mtu wa domo kama langu, kunyamaza ni kazi.

Halafu surua ikaingia mtaani, ikafika kwetu.

Vipele vilitoka, vikaanza kufifia, homa ikapungua, tukadhani imekwisha. Kumbe imehamia kinywani. Ulimi wa mwanangu ulikuwa mwekundu, umejaa vidonda, na mashavu kwa ndani vilevile. Ukimpa uji anageuza uso. Ukimpa maji ya vuguvugu anayaachia yamtiririke kidevuni. Nesi wa zahanati alimtazama, akaniambia kwa Kireno, polepole kama vile mimi ndiye mtoto, kwamba dawa ya vidonda hana, mtoto anywe, anywe chochote, asipokunywa tutampoteza. Nilimjibu kwa Kireno kizuri kuliko chake kwamba nimesikia. Tukarudi nyumbani, na njiani mwanangu akalia, nikaona kwamba machozi hayatoki. Analia macho makavu. Nilisimama barabarani nikiwa nimemkumbatia, nikataka kumpiga mtu. Hakuwapo wa kupiga.

Hapo ndipo nilipokumbuka jelado.

Nilisoma sekondari kwa masista, bweni, mbali na nyumbani. Mmoja wao alitoka Italia, na sikukuu ya shule ikifika alitutengenezea jelado, yaani aiskrimu, ya matunda na majani ya nanaa kutoka bustani yake. Wasichana tulizungusha kopo ndani ya ndoo ya barafu hadi mikono ikafa ganzi. Alitufundisha siri yake: barafu peke yake haigandishi kitu. Lazima uitie chumvi, chumvi nyingi, ndipo baridi yake inapokuwa kali kuliko barafu yenyewe. Tulicheka sana siku ile, kwamba hata barafu hutiwa chumvi kama samaki wa ng'onda. Nilikumbuka pia kwamba msichana aliyeumwa na jino alikula mabakuli mengi, akasema kinywa chake kimelala.

Nilitaka kinywa cha mwanangu kilale, ameze.

Nikamwambia mama mkwe. Akanisikiliza mpaka mwisho, maana ana adabu, kisha akakataa mara mbili. Kwanza, mtoto wa surua hapewi kitu cha baridi, hilo kila mtu analijua. Baridi inaivuta surua irudi ndani, na ikirudi ndani hushika moyo. Pili, chumvi ile si yake wala si yangu.

"Ni ya mwanangu," alisema. "Iko kwangu amana."

"Na huyu ni wa nani?" nikamwuliza. "Nimemwokota?"

Nikamwambia kwamba chumvi haitapotea, itayeyuka ndani ya maji tu, jioni tutayachemsha jikoni, mlango umefungwa, na chumvi itarudi. Akaniambia nisimfundishe chumvi, yeye hakuzaliwa mlimani. Dongo hilo lilinilenga mimi, maana kwetu hasa ni Mueda, juu milimani. Nilisema maneno ambayo mkwe hamwambii mkwe, nikamwacha na mtoto, nikatoka.

Barafu ilikuwa bandarini kwa tajiri mmoja wa samaki. Aliyeivunja alikuwa binamu wa mume wangu, mtu wa utani. Aliponiona nimeshika ndoo akaegemea shoka lake.

"Shemeji, joto limekuzidi? Mwenzio yuko shamba, wewe unatafuta barafu?"

Wapakizi wakacheka. Siku nyingine ningemrudishia, nami sishindwi. Siku ile nilimwambia tu kwamba mtoto hali wala hanywi. Akaacha kucheka. Akaingia ndani kabisa, akatoka na pande safi lisilowahi kulaliwa na samaki, akalizungushia maranda na gunia, akanitwisha mwenyewe.

"Kimbia," akasema.

Nikakimbia. Maji yalinitiririka shingoni, mgongoni, yakaingia ndani ya kanga, na kila tone nililihesabia kama mali ya mwanangu inayomwagika. Njia nzima nilikuwa napanga namna ya kuuchukua ule mtungi kwa nguvu. Nasema kweli. Nilikuwa tayari kupigana na mwanamke mzima aliyenipokea nyumbani kwake.

Nilipofika, mtungi ulikuwa ukumbini, wazi.

Mama mkwe alikaa kando yake juu ya mkeka, miguu ameinyoosha, mtoto amemlaza mapajani. Ni lazima niseme jambo moja hapa. Kwetu bibi na mjukuu wake wa kike ni wake wenza, ni watani. Wawili hawa walitukanana asubuhi mpaka jioni. Bibi alimwita mwizi wa mume, mtoto alimwambia hana meno, na wote wawili walikuwa na furaha. Basi nilipokuwa bandarini, bibi alijaribu kumchokoza. Alimwambia: mke mwenzangu, usipokunywa, mume nitamla peke yangu. Mtoto alimtazama tu. Alimwambia tena. Mtoto akafumba macho.

"Hakunijibu," mama mkwe aliniambia. Akausogeza mtungi kwangu kwa mguu, kama kitu kisicho na thamani.

Sikumshukuru. Hapakuwa na nafasi.

Nilikuwa na maembe mawili yaliyoiva mpaka yananata. Ndimu sikuigusa, wala nanasi, kwa sababu ya vidonda. Nilichemsha mchaichai na sukari kidogo mpaka jiko likanukia, nikaacha ipoe. Nikakuna nazi, nikakamua tui la kwanza tu, lile zito. Embe nikalipondaponda, nikalichuja kwenye kitambaa ili usibaki hata uzi mmoja wa kumkwaruza. Nikachanganya vyote katika kopo la maziwa ya unga, nikafunika. Mama mkwe, bila kuombwa, akakata majani mawili ya mrehani kwenye kichaka chake cha mlangoni, akayasugua viganjani, akayatia ndani.

"Kama ni baridi," akasema, "angalau inukie kama ya watu."

Nikavunja barafu kwa mchi, nikaipanga ndani ya ndoo kuzunguka kopo, na kila tabaka la barafu likapata chumvi yake. Chumvi ilimiminika ikilia. Mama mkwe aliangalia ukutani. Miezi ya kula mchuzi wa maji ilikuwa inaingia ndani ya ndoo ile, nami nilijua, na yeye alijua kwamba najua. Kisha nikaanza kuzungusha kopo, kulia, kushoto, kulia. Baada ya muda nilifunua, nikakwangua pembeni kwa mwiko, nikafunika, nikazungusha tena. Vidole vikaacha kuwa vyangu. Ndoo ikaota ukungu mweupe kwa nje, na mama mkwe akaugusa kwa kidole, akakinusa.

Ilipokuwa nzito kama uji ulioshika, rangi ya manjano, nikachota ncha ya kijiko, nikaigusisha mdomoni mwa mwanangu.

Akashtuka. Akaurudisha ulimi ndani, akatutazama sisi wawili kama wauaji, na akasema neno lake la kwanza kwa siku ile.

"Moto."

Hajawahi kuonja barafu maishani mwake, atajuaje? Kitu kinachochoma ulimi ni moto, hana neno jingine. Nilianza kumweleza, mwanangu si moto, ni baridi, na yeye amefunga midomo, amebana kabisa, nikaona yote yamekwisha: embe, chumvi, na mbio zangu zote.

Mama mkwe akanipokonya kijiko. Akakisogeza mdomoni mwake mwenyewe, akachongoa midomo, akakipuliza.

Akakipuliza, fuu, fuu, kama anavyopuliza uji. Huyu mwanamke aliyeapa kwamba baridi itamuua mjukuu wake alikuwa anaipuliza barafu ipoe. Sijui hata leo kama alifanya makusudi au naye alidhani ni moto, maana naye alikuwa hajaonja. Sikuwahi kumwuliza, na sitamwuliza. Nilichoona ni kwamba mwanangu alimtazama bibi yake akipuliza, na kwake kitu kilichopulizwa na bibi ni kitu cha kuliwa. Ndivyo ilivyokuwa tangu aanze kula. Akafungua mdomo.

Ikaingia. Akakunja uso, macho yakaenda huku na huku, akaishikilia ulimini. Tukasubiri. Koo likapanda, likashuka.

"Kimepoa," bibi akamwambia. "Unaona? Kimepoa."

Akafungua mdomo tena. Kila kijiko kilipulizwa. Mimi nilichota, bibi akapuliza, mtoto akameza, kwa uangalifu, kama tunaojenga ukuta kwa vikombe vya kioo. Katikati alisimama kidogo, akaugeuzageuza ulimi ndani ya kinywa, akaonekana kushangaa kwamba hauumi. Kisha akanyoosha mkono kukidaka kijiko mwenyewe. Nikageuka nikajifanya natafuta kifuniko.

Kopo lilipokwisha alikuwa amelala, mdomo umezungukwa na manjano, kichwa kwenye tumbo la bibi yake. Nikakwangua kilichobaki kwenye mwiko, nikamletea mama mkwe. Akalamba, akafikiri.

"Sukari umeibania," akasema.

Nikaichukua ile ndoo ya maji ya chumvi, nikayachuja, nikayamimina kwenye sufuria kubwa, nikafunga mlango wa uani, nikawasha moto. Chumvi ilirudi, kama nilivyosema, ila ilirudi ya kijivu, na kutu ya ndoo ndani yake. Ikaenda shamba hivyohivyo. Kuna mtu huko porini aliila na mihogo yake bila kujua imepitia wapi, na siku nikimwona nitamweleza, baada ya kumaliza kumgombeza.

Lakini hiyo ilikuwa baadaye. Sufuria ilikuwa haijaanza hata kuchemka niliposikia mama mkwe ananiita kutoka ukumbini, kwa sauti ndogo. Nikakimbia na mwiko mkononi. Nilimkuta amekaa palepale, mgongo ameunyoosha, mikono ameiinua pembeni kama mtu aliyemwagikiwa na kitu. Mtoto amelala. Kanga ya bibi ilikuwa imelowa kuanzia mapajani, na doa lilikuwa likiendelea kutambaa kwenye mkeka. Tangu siku iliyotangulia nguo za mwanangu zilikuwa kavu, bila tone la mkojo, na sisi wawili tulikuwa tumeziona bila kuambiana.

Nikapiga magoti nimchukue, nimbadilishe nguo, bibi naye abadilishe yake.

"Mwache," akasema, na machozi yanamtoka. "Mwache kwanza amalize."