Kuisubiri Besi

Mwanamke huyu watu walimwita Kengele, na jazi haikuhusika na jina hilo. Kazi yake ya mchana ilikuwa kuita majina ya wagonjwa kwenye dirisha la zahanati, na hata kama umesinzia benchi la nyuma kabisa, akikuita utaamka. Mwisho wa wiki ndipo alipoimba jazi. Aliimba miaka mingi kwenye kumbi ambako watu hula na kupiga soga huku wamempa mgongo, mpaka mwaka huu alipoingia studio na kutoa albamu yake ya kwanza, katika umri ambao wenzake wanalea wajukuu.

Asubuhi hiyo ya Jumamosi alikuwa amekaa sebuleni kwa kaka yake, chai imempolea mkononi, akiitazama redio kama mtu anayemtazama mbwa asiyemjua. Mchambuzi wa muziki alikuwa karibu kuingia hewani, na leo alikuwa anaichambua albamu ya Kengele. Wasikilizaji walimbatiza mchambuzi huyo Wembe, na hawakukosea. Mwezi uliopita alimchana mpiga tarumbeta mmoja hadi bwana yule akaitia tarumbeta yake uvunguni, na hajaitoa mpaka leo.

Kengele hakuogopa kuchanwa yeye. Ngozi yake ilishakuwa ngumu. Hofu yake ilikuwa kwa ajili ya kaka yake, aliyeketi mkabala naye, besi yake kubwa ya kusimama, chombo cha nyuzi nne chenye kimo cha mtu, imeegemea ukuta nyuma yake. Kaka ndiye aliyemfundisha kufuata mapigo kabla hajajua kusoma. Ndiye aliyepiga besi kwenye nyimbo zote za albamu. Na vidole vya mkono wake wa kushoto vilikuwa vimeanza kukakamaa.

"Baridi tu," alisema kila alipovikanda. Baridi gani hiyo ya mwaka mzima, na jua linapasua bati? Lakini nani amwambie. Mke wake alijaribu mara moja, akanuniwa wiki nzima.

Kule studio walirekodi wote pamoja katika chumba kimoja, kama walivyozoea ukumbini, bila kukata wala kuunga. Wimbo wa kwanza tu, Kengele akasikia besi inachelewa. Ilichelewa kidogo, mithili ya mtu anayepanda ngazi na mzigo. Nyuma ya kioo fundi wa sauti akainua kichwa. Mpiga kinanda akamtupia Kengele jicho. Hapo Kengele akafanya jambo ambalo hakuwahi kulifanya tangu aanze kuimba: akachelewa na yeye. Kila neno alilishikilia mpaka besi itue, ndipo akaliachia. Mpiga kinanda, mtu mzima mwenye akili zake, akaelewa na kumfuata. Fundi akarudi kwenye mitambo yake. Kaka alitoka pale akipiga mluzi, akitamba kwamba mkono umerudi ujanani.

Hivyo ndivyo albamu nzima ilivyoimbwa. Lakini Wembe alikuwa na masikio, na akisema besi inaburuta miguu, basi tena. Kaka angeivika besi ile mfuko wake na kuisukumia stoo, na Kengele hakutaka hata kufikiria mzee yule angeamka asubuhi kwa sababu gani.

"Ongeza sauti, mke wangu," kaka akasema. "Tusikie tunavyotukanwa."

Wifi aliacha nguo alizokuwa akikunja, akaongeza.

"Nilikaa na kisu changu tayari," sauti ya Wembe ikasema. "Mwanzoni nilidhani mwimbaji amechoka. Nikarudia kusikiliza. Jamani, mama huyu anachelewa makusudi. Besi inatua kwanza, ndipo neno linakuja, taratibu, halina wasiwasi na mtu. Sijawahi kumsikia mwimbaji mwenye subira namna hii. Kama hamjaitafuta albamu hii, sijui mnangoja nini."

Wifi alirusha soksi juu. Kengele akacheka mpaka chai ikamwagikia magoti. Wamepona. Besi haikuguswa. Akaweka kikombe mezani, akageuka amkumbatie kaka yake, akamkuta ameinama anaizima redio.

"Wewe huchelewi," kaka akasema.

"Aa, kaka, hao wachambuzi si wanatafuta maneno tu."

"Nimekufundisha mimi. Ukichelewa nilikuwa nakugonga kidole na kijiko. Hujachelewa hata siku ulizokuwa na homa." Akaufungua mkono wa kushoto, akautazama. "Ulikuwa unanisubiri mimi."

Kengele akaanza kupangusa chai magotini.

"Wimbo upi?" kaka akauliza.

"Zote, kaka."

Wifi aliinama kuokota soksi na hakuharakisha kuinuka. Kaka akasimama. Kengele alijua anafuata mfuko wa besi, na machozi yakamjaa. Lakini mzee aliishika besi shingoni, akaiegemeza begani.

"Imba ule wa kwanza. Usinisubiri."

"Kaka, nakuomba."

"Nataka kusikia mahali ninapoachwa."

Akaimba. Aliimba palepale pigo linapotua, vilevile alivyofundishwa, na kila neno lilimuuma kulitoa. Mstari wa pili besi ikaanza kulegalega, wa nne ikabaki nyuma. Kaka akasimamisha, akataka warudie. Wakarudia, ikabaki palepale. Waliporudia tena, kaka akafika mahali pale, akainua mkono kwenye nyuzi na kuacha mstari upite mtupu. Kisha akamdaka mwanzoni mwa mstari unaofuata, sawasawa kabisa.

"Hapo," akasema, anahema. "Hapo vidole havifiki. Basi hapo nitanyamaza, nikukute mbele. Utaweza kupita peke yako?"

Tangu utotoni Kengele hakuwahi kuimba mstari ambao besi hiyo haiko chini yake. Kwa mara hii ya kwanza sauti ilikuwa imemtetemeka, na wote watatu walisikia.

"Sijui, kaka."

Kaka akanyoosha mkono hadi mezani, akachomoa kijiko kwenye kikombe cha dada yake, akakichomeka kwenye mfuko wa shati.

"Ukichelewa nakugonga," akasema, akaanza kuhesabu mapigo.