Siku Tulipokwenda Kumposea Sele Chuo

Wali ukiungua chini ya sufuria, watu wengine hukasirika. Mimi hutulia kidogo kabla ya kuukwangua ukoko, kwa sababu kwangu mimi harufu ile ni ya wino. Tulipokuwa watoto hapa mjini Unguja, miaka michache kabla ya vita vya Mjerumani, wino wa chuoni ulipikwa jikoni. Mchele ulikaangwa mpaka ukawa mweusi, ukasagwa, ukatiwa maji na gundi ya mti. Nyumba nzima ilinuka, na mama zetu walilalamika kila mara, kisha wakaupika.

Chuo chetu cha Kurani kilikuwa mtaa wa Kiponda, ukumbini kwa Maalim Faki. Wavulana walikaa mbele, sisi wasichana nyuma, sote tukisoma kwa sauti kwa wakati mmoja, kila mtu na pahala pake. Maalim alifumba macho ungedhani kalala, lakini ukikosea herufi moja katikati ya ghasia ile, bakora ilijua ulipo. Ubao wa kuandikia haukutolewa ovyo. Kwanza usome kwa ulimi mpaka Maalim aridhike, ndipo uandike. Ndivyo alivyofundishwa yeye, na hakuona sababu ya kubadilisha.

Mdogo wangu Sele alizaliwa kiziwi. Alipofika umri wa kutiwa chuoni, wenzake wa mtaani walitiwa mmoja mmoja, na yeye akabaki kizingitini. Kila asubuhi alinifuata mpaka kwenye kona, na kila asubuhi mtu alimshika mkono akamrudisha. Majirani walikuwa wema mno kwake. Walimpapasa kichwa, wakampa tende, wakamwambia mama, "Mungu akupe subira." Mama aliitikia amin, lakini uso wake ulikuwa hauendani na amin.

Baba alikwenda kwa Maalim baada ya sala ya alasiri. Maalim akamjibu kwa upole kwamba mtoto yule hana hesabu mbele ya Mungu, kwa hiyo kumsomesha ni kumtwisha asichotakiwa. Baba alirudi kama mtu aliyetuliwa mzigo. Kesho yake mama alijitanda buibui akaenda kwa somo yake, Bi Zamda.

Somo ndiye aliyemfunda mama alipoolewa, na kwa desturi yetu mambo yote asiyoweza kumwambia mumewe mwanamke humpelekea somo yake. Bi Zamda alikuwa pia mpeleka posa mashuhuri. Mlango aliougonga yeye haukukaa sana bila harusi. Alimsikiliza mama mpaka mwisho, akasema baba kakosea njia: jambo kubwa haliendewi mikono mitupu, tena kwa kusimama barazani.

Basi tukaenda kwa Maalim asubuhi ya siku isiyo ya chuo, Bi Zamda mbele, mama nyuma, na mimi nimebeba ubani. Bi Zamda alijitwika sinia la halua na tambuu, limefunikwa kawa jipya. Hapo ndipo mambo yalipokwenda kombo. Maalim alikuwa na binti mwari, Asha, na mkewe Bi Salma alipomwona Bi Zamda mlangoni na sinia, hakuhitaji kuambiwa lolote. Asha alipandishwa juu mbio. Jirani akaitwa, kahawa ikaletwa, kawa likafunuliwa, wakala halua kwa furaha na kuisifu. Sinia lilikuwa limeliwa nusu Bi Zamda alipoeleza kuwa amekuja kumposea Sele chuo. Bi Salma alibaki na tonge la halua mkononi, hajui alirudishe au alimeze. Mwisho alilimeza vipi sijui, maana mimi niliinamisha kichwa nisije nikacheka.

Maalim akaitwa, akasimama nyuma ya pazia. Akarudia yale yale aliyomwambia baba, kwamba mtoto kasamehewa. Bi Zamda akamwacha amalize.

"Maalim," akasema, "hatukuja kumuombea msamaha. Msamaha anao, kila mtu ashampa. Tumekuja kumuombea pahala mkekani, pamoja na wenziwe."

Maalim akajibu kwa sauti ndogo, "Mie nafundisha kwa masikio, Bi Zamda. Kwa macho sijui nitaanzia wapi." Hakukubali wala hakukataa. Tukaaga, sinia tukaliacha.

Kwetu chombo cha mtu hakirudishwi kitupu. Asha aliniambia baadaye kuwa sinia letu lilimnyima mamake raha. Akitia mkate, atakuwa ameshukuru na kukataa kwa pamoja. Akilirudisha tupu, ni aibu ya mtaa mzima. Kila alipompakulia mumewe chakula alimuuliza tutie nini, na Maalim akala haraka haraka akatoka.

Hatimaye sinia likarudi, na kawa lake juu. Mama akalifunua. Ndani mlikuwa na ubao, na juu ya ubao herufi za mwanzo kwa mkono wa Maalim mwenyewe. Sele akapewa kuandika kabla ya kusoma, jambo ambalo Kiponda hawakuwahi kuliona. Maalim alimshika mkono akaupitisha juu ya kila herufi, kisha akaubandika kooni kwake mwenyewe, Sele aisikie sauti ikitetemeka. Sele hakuwa mwanachuoni. Sauti yake ilitoka nzito, watoto wakaicheka siku za mwanzo, wakaizoea. Lakini aliandika.

Siku moja jioni Maalim akabisha hodi kwetu, kakasirika. Alimwambia baba kuwa Sele amewafunga wenzake kanzu kwa kanzu wakati wanasoma, na walipoinuka wakaanguka safu nzima. "Mtoto wenu mtundu," akasema. "Nshamchapa, na nyie mumkanye." Baba akaomba radhi. Mama alikuwa nyuma ya mlango, nami nilimwona anakaa chini, kanga mdomoni, mabega yanatikisika. Nikadhani analia kwa aibu, nikamchukia Sele. Maalim alipoondoka mama alimwita Sele, akampikia maandazi badala ya kumkanya. Nilinuna kwa muda mrefu, maana mimi nilipokuwa mtundu sikupikiwa kitu.

Nilielewa nilipokuwa na watoto wangu mwenyewe. Miaka yote ile, kila aliyebisha hodi kwetu kwa ajili ya Sele alikuja kutupa pole. Maalim Faki alikuwa wa kwanza kuja kumshtaki.