Mazishi ya Mama kwa Dakika Ishirini

Kazi ya kuhariri filamu nilifundishwa na mwanamke wa Austria, na kama siku hizi nakatakata kila kitu, sehemu ya lawama ni yake. Alikuja Johannesburg kuhariri mfululizo wa wanyama wa porini, akasema atakaa miezi mitatu, akakaa miaka kumi na mitano. Kwao Vienna alianza na mkasi na gundi, enzi ambazo mhariri aliishika filamu kwa vidole. Kisha akahariri tamthilia za polisi za televisheni, moja baada ya nyingine, mpaka akawa akimwona askari barabarani anatafuta pa kumkatia. Jina lake lilipita mwishoni, wakati watu wanatafuta rimoti.

Nilikuwa msaidizi wake katika chumba kidogo Newtown, mashine mbili na mapazia mazito. Mwanzoni nilimwita Mama, kama tunavyowaita wanawake wa umri ule. Akanijibu kwamba yeye hajazaa mtu, na kama nina heshima ya ziada niitumie kupanga sauti. Nilimpenda siku hiyohiyo. Sheria yake ilikuwa moja: picha isiyofanya kazi inatolewa, hata kama mpiga picha aliisubiri porini wiki nzima. Mchana tulikula mkate kimya, kila mtu na mashine yake. Alipostaafu nilimsindikiza hadi Park Station kupanda treni ya uwanja wa ndege. Tukashikana mikono, akaniambia nisiogope kutupa. Tangu hapo naongea na mashine.

Mwaka jana mama yangu alifariki kwetu Lubumbashi, Kongo. Karatasi zangu za hifadhi ya ukimbizi haziniruhusu kwenda nyumbani na kurudi, kwa hiyo sikwenda. Watu wa kanisa letu walijaa kwenye fleti yangu Joubert Park, hapa Johannesburg, wakaimba siku mbili, halafu kila mmoja akarudi kwenye saluni yake, cherehani yake, lindo lake. Nikabaki na masufuria ya watu ya kurudisha. Niliyarudisha polepole, moja kwa siku, nipate mlango wa kugonga.

Mdogo wangu alinitumia video ya mazishi, yenye urefu wa saa sita. Kwetu ndivyo inavyopigwa: kamera inapita safu kwa safu, uso kwa uso, ili aliye mbali ajue nani alikuja. Hilo nalijua tangu utotoni. Lakini sikuweza kukaa saa sita mbele ya sanduku la mama yangu. Tena nilitaka niwe na mkono wangu katika mazishi yale, hata kidogo, nisiwe mtoto ambaye hakufanya lolote. Nikafanya ninachokiweza. Kwa asubuhi tatu, kabla ya kazi, nilikata. Nikatoa wanaotafuta pa kukaa, wanaogawa maji, shangazi anayelia kwa mara ya pili. Zikabaki dakika ishirini, safi kabisa. Nikazituma nyumbani kwa kiburi cha fundi.

Wiki nzima hakuna aliyejibu. Nilijiambia wanalia. Wiki ya pili nikapiga simu, na mdogo wangu akapokea kwa sauti ya mtu aliyesukumwa kupokea.

"Shangazi amekasirika?" nikauliza.

"Shangazi atapoa. Yaya, ile kiti, juu ya nini ulikata?" Kwetu Yaya ni ndugu mkubwa.

"Kiti gani?"

"Ile ya karibu na sanduku. Baba alikatalia batu bote kuikalia. Alisema ni ya weye. Nilimwambia mwenye kamera aikamate sana, uione."

Niliikumbuka picha hiyo. Kiti cha plastiki cheupe, kitupu, kama dakika nne, kamera haitikisiki. Siku ya kukata nilimtukana mpiga picha kwa sauti, peke yangu chumbani, nikidhani ameiacha kamera akaenda kula. Ndiyo picha niliyoitoa kwanza kabisa, bila hata kuirudia.

"Baba anauliza kama ulikasirika," mdogo wangu akasema. "Anasema pengine hukutaka kukaa na sisi."

Nikalia kwenye simu, mimi niliyekauka machozi tangu msiba. Katika mazishi ya mama yangu nilikuwa na nafasi moja tu, na aliyeniondoa pale ni mimi.