Siku Zangu kwa Jina la Mdogo Wangu

Mimi na mdogo wangu tumepishana miaka saba, lakini mama alituzaa na uso mmoja. Paji lile lile, pua ile ile, hata mwanya wa meno ya mbele. Nilikuwa darasa la pili yeye alipozaliwa na mama akabaki na mgongo mbovu, nikatolewa shule ili nimlee mtoto. Huyo mtoto alisoma mpaka akamaliza. Mimi nasoma kwa kuburuza, herufi baada ya herufi, na neno refu hunichosha kabla sijafika mwisho wake. Sisemi haya ili nionewe huruma. Bila hayo hamtaelewa jinsi nilivyoibiwa mchana kweupe nikiwa nimesimama natazama.

Tulifanya kazi kiwanda cha kushona sare. Mimi nilikuwa meza ya kukata nyuzi. Shati likitoka kwa mafundi tunalipokea, tunakata nyuzi zinazoning'inia kwa mkasi mdogo, tunavuta kila kifungo kuona kama kimeshika. Mdogo wangu alikuwa ghorofani, wanakofunga maboksi. Kazi ile nilimtafutia mimi. Nilimbembeleza msimamizi wangu wiki tatu mpaka akachoka kuniona.

Msimamizi huyo tulimwita Mama Daftari, kwa sababu daftari la mahudhurio halikutoka kwapani mwake. Ukifika, anakuwekea alama. Ukichelewa, anakutazama kwanza mpaka ujute, halafu ndiyo anaweka alama.

Kisha wakaleta mashine. Waliifunga ukutani kando ya mlango wa kioo, kisanduku cheusi chenye jicho dogo la kamera. Unasimama mbele yake, inakutazama uso, ikikutambua inawasha taa ya kijani, jina lako linatokea na mlango unaachia. Papo hapo inaandika saa uliyoingia, na jioni inaandika saa uliyotoka. Wanawake wa meza yangu waliibatiza Mama Mkwe, maana kila asubuhi inakukagua usoni na salamu yako haiitikii.

Siku ya kusajiliwa tulipanga foleni. Mdogo wangu alitangulia. Nilipofika mimi, mashine ikalia. Fundi wa kompyuta, mwanamume mwenye kitambi aliyekuwa na haraka ya kwenda kula, alisoma kilichoandikwa, akabonyeza, ikalia tena. Akaniambia niende nijaribu mlango. Nikasimama, taa ikawaka, mlango ukafunguka.

"Si umefunguka, mama? Basi tayari. Anayefuata."

Nikamwamini. Mlango ukishafunguka, mtu anauliza nini tena?

Miezi kumi nilipita pale. Saa kumi na mbili na nusu asubuhi nimeshafika, na jioni nilikuwa miongoni mwa wa mwisho kutoka. Jina lilitokea na kupotea kama mtu aliyepepesa jicho, wala sikujaribu kulisoma. Taa ya kijani ilinitosha. Malipo yetu bado yalifuata daftari, kwa hiyo hakuna aliyeshtuka.

Mwezi wa kumi na moja ofisi ikatangaza kwamba wataajiri watu wa kudumu. Wenye mahudhurio mazuri kwenye mashine watapewa barua, wengine wote mwisho wa mwezi waage. Nilifurahi kimya kimya. Kwa kuhudhuria, nani wa kunishinda? Hata siku za homa nilikwenda, nikakata nyuzi huku meno yanagongana.

Orodha ilipobandikwa nikamwomba Mama Daftari anisomee. Akasoma, akarudia kwa kidole. Mdogo wangu alikuwa wa pili kutoka juu. Mimi nilikuwa chini kabisa, na mbele ya jina langu palikuwa na sifuri. Si siku chache, sifuri, kama mtu ambaye hajazaliwa.

Asubuhi iliyofuata Mama Daftari alisimama nyuma yangu mlangoni. Taa ilipowaka akanishika bega.

"Mwenzangu, hilo si jina lako. Ni la mdogo wako."

Ndipo tukaelewa. Mashine ilituona sisi wawili ni mtu mmoja, na mtu huyo ni yule iliyeanza kumwona. Ilichukua saa ya kwanza ya kuingia na saa ya mwisho ya kutoka, na zote mbili zilikuwa zangu. Mdogo wangu, aliyekuwa akifika saa tatu na usingizi machoni, na siku nyingine asitokee kabisa, kwenye mashine alikuwa hodari kuliko wote.

Jioni nikaenda kwake. Alikuwa anapiga pasi gauni. Nilimweleza, na hakushangaa.

"Ulijua?"

"Nilijua, dada."

Alijua tangu mwezi wa kwanza, alipopewa karatasi inayosema hakuchelewa hata siku moja. Nilimwambia kesho twende ofisini wote wawili tukaseme. Akasimamisha pasi.

"Nikisema, nafukuzwa kwa udanganyifu, na wewe watasema tulipanga. Tutatoka wote. Nikinyamaza, mmoja anabaki. Sasa mama atalishwa na nani?"

Jibu lilikuwa limeiva. Alikuwa amelipika miezi kumi.

Nilikwenda peke yangu. Mama Daftari alinipa daftari nilibebe, akaniomba nisimsukume mbele, kwa kuwa ana watoto wanne. Mkuu wa wafanyakazi alikuwa mtu mpole, alinivutia kiti. Akafungua daftari, akaona alama zangu, siku baada ya siku.

"Mama, daftari linaandikwa na mtu, na mtu ana rafiki zake. Mashine haina ndugu."

Akageuza jalada akasoma jina la Mama Daftari, akasema kama alama hizi ni za uongo basi aliyeziandika ana kesi ya kujibu. Kisha akaniuliza, bila ukali wowote, kama kweli nilikuwa naingia, niliingia kwa uso wa nani.

Jina la mdogo wangu lilikuwa mdomoni. Lilinijaa mpaka mashavuni. Nikamwona mama kitandani chumbani kwangu, nikamwona Mama Daftari amesimama kwenye korido na mikono kifuani. Nikasema sijui.

"Basi, mama, hata mimi sijui," akasema, akanirudishia daftari kwa mikono miwili.

Mwisho wa mwezi nilikabidhi mkasi na aproni. Mdogo wangu alileta barua yake amwonyeshe mama. Mama alilia kwa furaha, akambariki, akaniambia nimpongeze mwenzangu. Nikampongeza.

Wiki saba baadaye mdogo wangu alikuja kwangu usoni hana rangi. Bila mimi, mashine ilikuwa imeanza kusema ukweli juu yake. Ameshapewa onyo mara mbili na la tatu ni kuondoka, na kesho asubuhi ana safari yake ambayo hakutaka hata kuitaja. Niende tu nisimame mlangoni, basi.

Ningependa kusema kwamba nilimfukuza. Nilimwambia yote niliyoyasimulia hapa na mengine ambayo siwezi kuyasimulia. Alisikiliza ameinamisha kichwa, akangoja nimalize kabisa, kisha akauliza kwa upole kama nitakwenda. Nyuma ya pazia mama alikuwa anauliza kama dawa yake ya maumivu imeletwa. Dawa hiyo aliyeinunua ni huyo huyo mdogo wangu, ilikuwa kwenye mkoba wake.

Nilikwenda. Saa kumi na mbili na nusu mlango ukafunguka, na mlinzi hana swali kwa mtu aliyefunguliwa mlango. Nilikusudia kugeuka nirudi nyumbani. Mama Daftari aliniona kutoka mezani. Akatazama mlango, akatazama ngazi za kwenda ghorofani, akaelewa. Alisogeza rundo la mashati na mkasi hadi pale nilipokuwa nakaa, ambapo bado hawajaweka mtu. Nikakaa nikakata nyuzi. Wanawake wa meza walisogea kunipisha, hakuna aliyefanya mzaha.

Saa tatu kasorobo mdogo wangu akaingia, nywele zimesukwa upya. Akaniinamia sikioni.

"Asante, dada. Sasa toka, wasituone wawili. Na Ijumaa usinisahau."

Nikaweka mkasi mezani. Shati nililokuwa nalo lilikuwa limebakiza nyuzi za kola.