Kikombe Nilichokitoa Ziwani

Nilikuwa nimeandika riwaya mbili za visa vya baharini kabla sijaiona bahari. Mimi ni mtu wa Kegonga, mtoto wa wafuga ng'ombe. Kuogelea nilijifunza ukubwani, tena kwa aibu. Riwaya zile niliziandika Migori, katika chumba cha kupanga nyuma ya kinu cha kusaga mahindi, nikishamaliza kusahihisha madaftari ya wanafunzi. Wasomaji walizipenda. Mimi zilinikera, maana kila meli iliyozama humo niliizamisha nikiwa nimeketi mezani. Nikaapa kwamba kitabu cha tatu kitakuwa cha kweli: kitabu cha vyombo vilivyolala chini ya ziwa, na nitavigusa kwa mikono yangu.

Basi sikutulia tena. Kila Ijumaa, kengele ya mwisho ikilia, mimi huyo Homa Bay, na kesho yake Kendu Bay, kuwasumbua wavuvi kwa maswali. Mmoja wao, mtu wa makamo asiye na maneno mengi, alijua mahali ilipozama zamani mashua iliyobeba mahindi, kwa sababu nyavu zake zilinasa hapo. Baba yake alikuwa ndani ya mashua hiyo. Mwili haukupatikana, kwa hiyo nyumbani walizika yago, lile tunda refu zito la mwituni ambalo Wajaluo huzika badala ya mtu aliyepotea majini.

"Nitakushikia kamba, mwalimu," aliniambia. "Guza vile unataka. Lakini usitoe kitu. Huyo mzee tulishazika."

Nilikubali upesi mno.

Nilifungwa kamba kiunoni, nikakumbatia jiwe, nikashuka. Siri ya mtungi aijuaye kata, nami nilitaka kuwa kata. Lakini maji ya pale ni tope tupu. Hata vidole vyangu sikuviona. Nilipapasa mbao zenye utelezi, msumari, ubavu wa mashua. Niliposhuka mara ya nne mkono wangu ukagusa kikombe. Ahadi yangu niliikumbuka vizuri sana. Nikakitia ndani ya shati hata hivyo.

Kule Migori nilikiweka mezani: kikombe cha bati, chenye kiraka chini. Kwa siku tatu niliandika sura nzima. Niliandika kwamba niliiona mashua imelala ubavu katika mwanga wa kijani, kasia limeegemea, samaki wakiingia na kutoka. Sijawahi kuandika sura tamu kama ile. Halafu usingizi ukanihama. Nilikuwa mwizi, na juu ya wizi nimeongeza uongo.

Nikaamua kukirudisha. Nilipofika Kendu Bay, gugumaji lilikuwa limeifunga ghuba yote, ungedhani ni shamba la mboga. Hakuna mtumbwi uliotoka. Nilirudi juma la pili, nikarudi la tatu, na gugu lipo vilevile. Nikawa natembea ufukoni huku na huko na mfuko wangu, mpaka yule mvuvi akaniuliza nimebeba nini.

Nilimwonyesha. Hakunipiga, na heri angenipiga. Alinipeleka kwa mama yake.

Mama alikuwa anaanika omena, wale dagaa wa ziwani. Alikipokea kikombe, akakigeuza, akakisugua kiraka kwa kidole gumba. "Hii nilipeleka kwa fundi mimi mwenyewe," alisema. Nikajiandaa kwa matusi. Badala yake akanitazama usoni.

"Mwalimu, wewe ulifika huko. Ulimuona?"

Sura yangu yote ilikuwa tayari mdomoni: mwanga wa kijani, kasia, samaki. Ningempa, naye angeipokea kwa mikono miwili. Sijawahi kutamani kusema uongo kama siku ile.

"Sikuona kitu, mama. Huko chini ni giza. Nilipapasa tu."

Mkono wake uliendelea kutandaza omena.

"Hata mimi," akasema. "Miaka hiyo yote, napapasa tu."

Kisha akamwambia mwanawe aniletee jembe. Nilichimba kando ya kaburi la yago, na yeye mwenyewe akainama akakilaza kikombe.

Sura ile niliichana. Iliyomo kitabuni ina kurasa mbili, na hakuna kitu hata kimoja ndani yake nilichokiona.