Stika ya Moyo

Wioletta alikuwa amechoka, na uchovu wenyewe haukuwa wa siku moja. Kwa miaka kumi na tisa alipangusa vitanda vya taa katika saluni yake katika mji wa Kutno, akawagawia watu miwani ya kuziba macho, akatega saa, akasikiliza mashine zikivuma. Kwingine watu hujichubua wawe weupe. Wa kwetu, weupe wa kuzaliwa, hulala ndani ya sanduku la taa ili ngozi iive iwe ya kahawia kama maandazi. Binadamu haridhiki na ngozi aliyopewa, na Wioletta alikwisha acha kushangaa.

Majira yale ya baridi ikaja sheria: asiyetimiza miaka kumi na minane haingii kitanda cha taa, hata mzazi akitia saini. Wioletta alibandika tangazo mlangoni, kisha akakaa kumsubiri Kornelia, maana alijua atakuja tu.

Kornelia alikuwa binti wa mdogo wake, Iwona, na Wioletta ndiye mama yake wa ubatizo. Sherehe yake ya kutimiza miaka kumi na minane ilikuwa Jumamosi, katika ukumbi wa zimamoto, na gauni lilikwisha nunuliwa, jeupe, mgongo wazi. Alifika Jumanne.

"Mama mkubwa, ni siku nne tu. Kwani kati ya leo na Jumamosi nitaota mapembe?"

"Hutaota. Nenda nyumbani."

"Si wewe mwenyewe uliyenizoesha?"

Hilo lilimchoma, kwa kuwa lilikuwa kweli. Tangu Kornelia ana miaka kumi na mitano, zawadi yake ya kila sikukuu ilikuwa dakika nane kitandani. Wateja hujibandika stika ndogo ya moyo nyongani ili waone rangi imepanda kiasi gani. Ya Kornelia, Wioletta aliibandika kwa kidole chake mwenyewe nyuma ya shingo, juu ya kidoa cheusi, akiamini kuwa doa likifunikwa halidhuriki. Na doa lake yeye mwenyewe, la mguuni, alilifunika vivyo hivyo miaka yote.

Mwezi wa Oktoba, kabla sheria haijaja, daktari alilikata lile la mguuni. Baada ya wiki mbili alimwambia ni saratani, bahati imewahiwa. Akamuuliza anafanya kazi gani, na aliposikia jibu akaweka kalamu chini. Alimwambia kwamba taa zile huleta saratani ya ngozi, na anayeanza akiwa mdogo ndiye anayejiweka hatarini zaidi. Kubandika stika hakumwokoi mtu, alisema, ngozi nyingine yote ikiwa inaungua. Wioletta alirudi nyumbani akawaambia watu ameanguka na baiskeli. Aliona aibu, na saluni ndiyo iliyomlisha. Tangu siku hiyo akawa mtu wa suruali.

Jumanne ile alipokataliwa, Kornelia hakubisha. Alisema "haya" na kufunga mlango taratibu, na Wioletta alichoka mno hata asishuku kitu.

Jumamosi miguu ilimuuma tangu asubuhi. Ukumbini alikula vipande viwili vya samaki wa siki, akasubiri zamu yake. Kwetu mama wa ubatizo ndiye anayeleta mkufu wa dhahabu, na humvika mwenyewe mbele ya watu. Wageni walipokwisha kumwimbia binti aishi miaka mia, Kornelia akageuka na kuinua nywele.

Mgongo wote ulikuwa umeiva. Nyuma ya shingo palikuwa na moyo mweupe, na katikati yake kile kidoa. Hakikuwa kidogo tena. Upande mmoja kilikuwa kimetambaa.

"Umeingia wapi?" Wioletta aliuliza kwa sauti ya chini.

"Saluni ya kule stesheni. Hawaulizi umri." Kornelia alicheka. "Usiwe na wasiwasi, doa nililifunika. Kama ulivyonifundisha."

Wioletta aliushika mkufu asiufunge, akikitazama kile kidoa. Iwona akapiga kelele kutoka mezani kwamba dada amezeeka, apewe miwani, na watu wakacheka.

Wioletta hakucheka. Alivuta kiti, akaketi, akakunja suruali mpaka gotini mbele ya ukumbi mzima. Kovu lilikuwa refu, bado jekundu.

"Hii si baiskeli," alimwambia Kornelia. "Na mimi nililifunika."

Kornelia alipeleka mkono nyuma ya shingo, akauacha pale pale.