Usarama

Nilikuwa mtaalamu wa usalama wa mtandao katika ofisi ya waziri, Kigali. Siku ya kwanza kuongea Kiswahili mbele ya wageni wa nchi jirani nilisema "usarama". Sisi tuliokua tukiongea Kinyarwanda, r na l hupishana mdomoni bila kuulizana. Mshauri wa waziri, aliyekulia Tanzania, akanikatiza: "Usarama ndo mdudu gani?" Ukumbi mzima ukacheka. Tangu hapo akaniita Mama Usarama, kwenye korido, kwenye lifti, hata mbele ya madereva. Nilitabasamu, nikaliweka moyoni.

Miezi michache baadaye waziri aliagiza tuwajaribu wafanyakazi wote kwa barua pepe ya uongo, tuone nani atatoa neno lake la siri. Kazi nikapewa mimi. Nilifungua anwani inayofanana na ya kitengo chetu cha usalama, nikabadilisha herufi moja tu. Wadada wa mapokezi walishtuka, wakanipigia simu kuuliza. Mshauri alijaza neno lake la siri kabla chai yake haijapoa.

Kikaoni waziri alimtaka ajieleze. Akasema anwani ilikuwa sahihi kabisa, yeyote angedanganyika. Nikaiweka kwenye skrini kwa herufi kubwa, nikamwomba kwa heshima zote: "Mzee, tusomee kwa sauti."

Akaanza kusoma. Katikati ya neno akanyamaza.

"Malizia, mzee," nikamwambia. "Usarama ndo mdudu gani?"